Bibi wa Pilipili Kule Wausau

Wengi wetu tukisikia Marekani tunawaza maghorofa ya New York tu. Mimi mwaka jana nilikuwa Wausau, kamji katika jimbo la Wisconsin, kwa kaka yangu anayebeba boksi huko. Mashamba kibao, na baridi yake wakati wa theluji, usiombe!

Jumamosi moja kaka akanituma sokoni nikamtafutie pilipili kali. Nilitegemea kukuta wazungu watupu. Wapi! Meza kwa meza ni akina mama wa Kiasia, mboga zimefungwa mafungu mafungu utadhani Kariakoo. Hadi majani ya maboga yapo!

Kumbe ni Wahmong, watu wa milima ya Laos. Miaka ya 1960 CIA iliwapa silaha wapigane na wakomunisti chini ya Jenerali Vang Pao, vita ambayo wananchi wa Marekani wenyewe walifichwa. Mwaka 1975 mambo yakaharibika. Wakubwa wachache wakapandishwa ndege, walalahoi wakaachwa wakiwindwa. Maelfu wakakimbilia Thailand kwa kuvuka mto Mekong, wakakaa makambini, baadaye wakaletwa Marekani. Wausau wamefika wengi, na wengine leo wanalima ginseng, mizizi ya dawa inayopendwa sana na Wachina.

Bibi aliyeniuzia pilipili hajui Kiingereza, mjukuu wake ndiye mkalimani.

"Shikamoo bibi, ule mto ulivukaje?" nikamchokoza. Shikamoo yangu dogo aliitafsiri kwa kuinamisha kichwa.

Bibi akaeleza taratibu. Usiku, juu ya mianzi iliyofungwa pamoja. Watoto walilambishwa kasumba wasilie, askari wasije wakasikia. Wa kwake mmoja hakuamka tena.

Dogo akakwama. Akamuuliza bibi kitu, akajibiwa, macho yakamlenga machozi.

"Sikujua nilikuwa na mjomba mwingine," akaniambia. "Kihmong changu cha kuokoteza, bro. Sijawahi kumuuliza."

Nikaishiwa maneno. Na mimi Kipare changu kinaishia kwenye salamu. Bibi yangu wa Same alikufa mwaka juzi na stori zake zote.

Wakati naondoka bibi akanitilia nyongeza ya pilipili, bure. Dogo alikuwa ameshavuta kiti, amekaa karibu naye.

Wewe ambaye bibi yako bado yupo, unangoja nini? Tukutane wiki ijayo.