Kompyuta ya Mama Ilipokataa Flashi

Mtu anapofariki, siku ya mazishi mzee wa familia husimama na kutangaza: aliyekuwa akimdai marehemu na aje kwetu, na aliyekuwa akidaiwa naye na aje pia. Wa kwanza huja upesi. Wa pili, mara nyingi, husubiri kwanza waone kama kuna maandishi. Sisi mabinti watatu wa mama mmoja wa Iringa tuliyaona hayo mwaka 2024, na maandishi ya mama yetu yalikuwa ndani ya kompyuta isiyowaka.

Mama alistaafu ualimu akawa anashona sare za shule na kuuza vitenge kwa mkopo. Hesabu zake aliziweka kwenye kompyuta ya mezani aliyoinunua ikiwa imekwisha kutumika. Daftari hakulitaka, kwa kuwa, alisema, kila mjukuu huchora gari ndani yake. Wiki ya msiba umeme ulikatika na kurudi mara nyingi. Wageni walipoondoka tukaiwasha. Windows ilianza kujipakia, ikaonyesha maandishi meupe kwenye kioo cha buluu kwa kufumba na kufumbua, ikajizima, ikaanza upya. Ikawa hivyo mchana kutwa.

Baba mdogo alikwisha panga kikao cha madeni siku ya arobaini. Kulikuwa na mama mmoja mjane aliyekuwa akimsaidia mama kushona. Alisema anadai Sh. 640,000, wala hakuwa na karatasi. Ndugu wengine wakaanza kunong'ona kwamba msibani kila mtu hudai. Na kulikuwa na mfanyabiashara mmoja aliyechukua sare nyingi, naye akaapa kwamba amelipa zote. Sisi tulijua mama aliandika kila kitu. Kujua si kuonyesha.

Fundi mmoja mjini aliitazama dakika mbili. "Dada zangu, hii ni kupiga Windows upya tu. Elfu thelathini, jioni mnaichukua." Tukamwuliza, na hesabu za marehemu? Akajibu kwamba kila kilichomo kitafutika. Tukaibeba tukarudi nayo nyumbani.

Akina mama wenzetu, jambo hili tungependa lieleweke vizuri, maana wengi hupoteza picha za harusi na kazi za watoto kwa kutolijua. Windows ikigoma kuwaka haina maana kwamba mafaili yamepotea. Mafaili yamelala kwenye diski, na Windows ni kama mlango mmoja tu wa kuyafikia. Unaweza kuiwasha kompyuta kwa mfumo mwingine uliowekwa kwenye flashi, kwa mfano Linux Mint, ambao hautozwi hata senti. Mfumo huo huendeshwa kutoka kwenye flashi yenyewe, bila kuandika chochote kwenye diski mpaka wewe uuamuru. Ukifunguka, unayaona mafaili na kuyanakili kwenye flashi ya pili.

Basi kazi ikawa kuifanya kompyuta ikubali hiyo flashi. Wala haikukubali.

Kijana wa jirani alitupakulia faili la Linux Mint, karibu GB 3, akaliweka kwenye flashi kama mtu anavyoweka wimbo. Kompyuta ikaipuuza kabisa. Tukampigia simu wifi yetu, yule wa ndoa na si wa intaneti, anayefundisha kompyuta sekondari. Akacheka. Faili la namna hiyo ni kama nguo iliyokunjwa ndani ya mfuko. Yataka programu ya kuikunjua na kuipanga kwenye flashi, pamoja na kile kipande kidogo ambacho kompyuta hukitafuta kwanza inapoamka. Programu moja nzuri ni Rufus, nayo ni ya bure. Lakini hufuta vyote vilivyomo kwenye flashi, hivyo tumia flashi usiyoihitaji, ya GB 8 hivi.

Flashi ikatengenezwa. Bado.

Wifi akatuambia tubonyeze kitufe cha kufungulia menyu mara tu baada ya kuwasha, kabla ya Windows kuanza. Hapa makampuni hayakupatana: wengine huweka F12, wengine F9, F2, Esc au Delete. Bonyeza mara nyingi mfululizo, usibonyeze mara moja ukangoja. Menyu ikaja, lakini flashi haikuwemo kwenye orodha. Sababu zilikuwa mbili, na tulizipata kwa kujaribu moja moja.

Kwanza, kompyuta za zamani huamka kwa utaratibu uitwao BIOS na za sasa kwa UEFI. Flashi iliyoandaliwa kwa UEFI peke yake haionekani kwa mashine ya BIOS. Katika Rufus kuna mahali pa kuchagua GPT au MBR. Kwa mashine kama ya mama ilitakiwa MBR. Pili, tulichomeka mbele, na matundu ya mbele huunganishwa kwa nyaya zinazopita ndani ya kasha, ambazo huchakaa. Tukahamia nyuma, kwenye matundu yaliyo kwenye bodi yenyewe. Jina la flashi likatokea. Dada yetu mdogo alipiga kigelegele, halafu akakumbuka kwamba bado ni msiba.

Wenye kompyuta mpya wana vikwazo vingine ambavyo sisi hatukuvikuta. Kuna kinga iitwayo Secure Boot, iliyoenea tangu Windows 8 ya mwaka 2012, ambayo hukataa mfumo usio na saini inayotambulika. Linux Mint na Ubuntu kwa kawaida huipita. Mingine huzuiliwa mpaka kinga hiyo izimwe. Lakini msikimbilie kuizima. Diski ikiwa imefungwa kwa BitLocker, kubadili mpangilio huo kwaweza kuifanya kompyuta idai ufunguo wa tarakimu 48, na bila ufunguo huo hata flashi haitawasomea kitu. Utafuteni kwanza, mara nyingi umehifadhiwa kwenye akaunti ya Microsoft ya mwenye kompyuta.

Jioni ile tulipanga kompyuta ianze na flashi, tukahifadhi, tukachomoa waya ukutani kwa kuogopa radi. Asubuhi mpangilio wote ulikuwa umefutika, na saa ilionyesha tarehe 1 Januari ya miaka mingi nyuma. Wifi aliposikia habari ya saa, akasema, "Hapo hapo! Betri imekufa." Ndani ya kompyuta mna betri ya mviringo, CR2032, ya volti 3, kama sarafu, inayotunza saa na mipangilio umeme usipokuwepo. Tuliipata duka la saa kwa bei ya soda mbili tatu.

Tukawasha tena. Dakika tano baadaye tulikuwa tukitazama makabrasha ya mama: "Sare", "Vitenge", "Barua". Ndani ya Linux Mint mna LibreOffice, ikafungua majedwali yake ya Excel bila shida. Tulinakili kila kitu mara mbili kabla ya kusoma hata mstari mmoja.

Wifi alipokuja mwenyewe Jumamosi, aligundua na kilichoiua Windows. Betri ilipokufa na umeme kukatika, namna kompyuta inavyozungumza na diski ilirudi kwenye ile ya zamani iitwayo IDE, ilhali Windows iliwekwa kwa AHCI. Akairudisha AHCI, nayo ikawaka kama jana. Haikuwa mgonjwa kabisa. Na ile elfu thelathini ingefuta kila kitu.

Siku ya arobaini baba mdogo alikuwa na karatasi nne zilizochapwa. Alisoma kwa sauti madeni makubwa tu; wenye madeni madogo aliwaita pembeni mmoja mmoja, na tuliona ni vema. Kwa yule mama mjane, jedwali lilisema Sh. 655,000: alikuwa amesahau mashati kumi na tano ya Novemba. Tulimlipa palepale, mbele ya wale walionong'ona. Mfanyabiashara alionyeshwa tarehe tatu, na pembeni ya kila moja neno la mama: "bado". Aliomba muda mpaka shule zifungwe. Amekwisha lipa mbili.