Ndoo ya Maua, Novemba 1967

Nilikuwa na miaka 14 nilipoua tuta zima la maua ya watu. Ilikuwa kiangazi cha 1966, kwetu Nyangezi, mashariki mwa Kongo, kwenye njia ya Bukavu kwenda Uvira, kabla gari halijaanza kuteremka mteremko wa Ngomo. Nilikuwa kibarua wa bustani kwa Furere mmoja, yaani bruda mtawa, Mbelgiji. Jioni moja nikaona majani yamelegea, nikayahurumia. Nikamwaga arozwari, yaani kopo la kumwagilia, moja baada ya jingine mpaka udongo ukawa uji, na kesho yake nikarudia. Baada ya wiki mbili mashina yalikuwa yamelainika pale yanapotokea ardhini. Ukiushika mche, unakuja mkononi bila mzizi.

Furere hakunipiga. Alichuchumaa, akaokota mche uliooza, akapitisha kidole pale shina linapokutana na mzizi.

“Mutoto, hii ni shingo yake. Jua haitaiua. Maji ndiyo itaiua.”

Yeye maua yale aliyaita kwa jina la Kifaransa. Kenya, ambako baadaye yalilimwa Naivasha kwa kuuzwa Ulaya, wanasema karneshoni. Nyumbani kwetu tuliyaita maua ya karafuu. Siku ya kwanza nilipoinamia ua jekundu na kulinusa, lilinirudisha kwenye usiku ambao mama alinitia karafuu kwenye jino bovu. Harufu ile ile kabisa. Nimekuja kujua uzeeni kwamba sikukosea: mafuta yanayoipa karafuu harufu yake yamo pia ndani ya ua hili.

Watu wa mjini walidhani ni ua la baridi, halifai Afrika. Lakini Nyangezi iko juu, mita zaidi ya 1,500 kutoka usawa wa bahari. Mchana jua linawaka, usiku unatafuta blanketi, na ua hili linapenda hivyo hivyo. Furere aliwahi kumpa rafiki yake wa Kamanyola miche 20. Huko chini, katika bonde la Ruzizi, usiku nao una joto. Miche ilirefuka ikawa myembamba kama nyasi, ikatoa maua madogo ya kusikitisha.

Udongo wetu mwekundu una ukali, na ua hili haliupendi. Kila Jumamosi nilizunguka majikoni nikiomba majivu, nikayachanganya na mchanga na samadi iliyokwisha kuiva. Matuta tuliyainua hadi magotini ili maji yasikae. Vipandikizi tulivichukua ubavuni mwa mashina yenye afya, urefu wa kidole, tukavibandua kwa kuvivuta chini, tukaondoa majani ya chini na kuvichomeka mchangani kivulini. Mwezi haukwisha bila mizizi. Wakati wa kupanda, kamwe hatukufukia shingo. Mche ukifikisha jozi sita za majani tunaukata kichwa ili utoe matawi, na kila tawi tunaliachia tumba moja, yale mengine tunayang’oa yangali madogo. Hilo la mwisho liliniuma sana mwanzoni.

Kuna jambo moja nalikumbuka kuliko yote. Tumba likikaribia kufunguka, mara nyingine ile ala ya kijani inapasuka ubavuni na ua linamwagika upande mmoja. Furere alikata mpira wa ndani wa gurudumu la baiskeli kuwa pete nyembamba sana, akaivalisha kila tumba, kwa mikono ile minene. Naiona hata sasa.

Alihesabu siku kinyumenyume kutoka sikukuu ya Watakatifu Wote: vichwa vikatwe mwishoni mwa Mei, maua yafunguke mwishoni mwa Oktoba, maana ndipo watu wa Bukavu walipoyataka kwa makaburi.

Mwaka 1967 vichwa nilikata mwenyewe. Furere alikuwa amekwenda likizo Ulaya. Agosti mamluki wa kigeni walioongozwa na Jean Schramme wakauteka mji wa Bukavu, na watu wakamiminika vijijini. Mjomba wangu alitufikia na godoro kichwani. Mkewe alikuwa amefariki mwaka uliotangulia, akazikwa makaburi ya Ruzizi, na shida ya mjomba haikuwa nyumba aliyoiacha. Alihesabu siku za kufika Watakatifu Wote, kama Furere.

Mvua za Septemba zilipoanza niliyajengea maua kipaa cha majani ya migomba. Sikumwagilia hata tone. Tarehe 1 Novemba yalikuwa yamefunguka, mekundu na meupe, na barabara ya mjini imefungwa. Mama akachukua machache kwa kaburi la mdogo wangu. Watu walishangaa, maana makaburi ya kijijini hayakuwa na desturi hiyo. Yaliyokuwa yamefunguka nusu tu niliyakata asubuhi na mapema, nikayatia kwenye ndoo, nikaiweka pembeni mwa ghala kwenye ubaridi. Kila siku nilibadilisha maji, nikapunguza mashina kidogo kwa kisu. Mjomba alikuwa akija kuyatazama, haongei.

Siku chache baadaye tukasikia mamluki wamevuka mto Ruzizi kwenda Rwanda. Mjomba hakuenda mara moja. Mama alimzuia mpaka njia itulie. Wiki mbili tangu nikate maua, tuliondoka yeye na mimi kabla ya alfajiri, kwa miguu, maua yamefungwa kwa jani bichi la mgomba. Mjini kuta zilikuwa zimetobolewa kwa risasi. Hatukusimama.

Kaburi lilikuwa limefunikwa na nyasi. Tuling’oa kwa mikono. Mjomba akafungua jani la mgomba: maua 11, mawili yamenyauka kingo, tisa mazima. Akalinusa moja kwa muda mrefu.

“Bado,” akasema.

Akayapanga kwenye kopo, akaniambia nilete maji. Nikamimina kidogo tu.