Gato ya feti kwa mama mwenye ugonjwa wa sukari



Hapa Kindu feti bila gato watu hawaiiti feti. Iwe ubatizo, iwe Idi, iwe mtoto amepata diplome yake, iwe Machi 8 tunapovaa vitenge vya namna moja, lazima gato ionekane mezani. Na gato wanayoijua wengi wetu ni ile iliyokuja na Wabelgiji, ambayo jina lake la Kifaransa maana yake ni robo nne: robo unga, robo sukari, robo margarini, robo mayai, vyote kwa uzito mmoja. Ni rahisi kukumbuka. Ni rahisi pia kuipigia hesabu, na mimi ni mwalimu, hesabu siwezi kuiacha.

Ukichukua unga gramu 250, unatia sukari gramu 250. Ukikata vipande 12, kila kipande kina sukari karibu gramu 21, yaani vijiko vitano vya chai. Mwaka 2015 Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo kwamba ni vizuri sukari ya kuongezwa kwenye chakula na vinywaji ibaki karibu gramu 25 kwa siku kwa mtu mzima. Kipande kimoja tu, na siku yako karibu imeisha. Soda bado haijafunguliwa, na kwenye feti zetu nani anakula gato bila soda?

Nayasema haya kwa sababu ya mama yangu. Yeye alikaanga maandazi kando ya barabara miaka mingi, na hayo maandazi ndiyo yaliyolipa masomo yangu hadi ISP. Miaka mitatu iliyopita alianza kuamka usiku kunywa maji na kukojoa, akakonda, macho yakawa na ukungu. Wakampima: ugonjwa wa sukari. Dawa anakunywa vizuri. Kitu kilichomshinda ni meza ya feti.

Kwenye komunyo ya mjukuu wake, watu wenye nia njema walimletea sahani yake peke yake: karanga za kukaanga na glasi ya maji. Wengine wote wana gato. Alisema asante, akaweka sahani chini ya kiti, akaondoka kabla ya nyimbo. Nilipomfuata nyumbani aliniambia, "Mwanangu, nimelisha mtaa mzima. Sasa mimi ndiye wa kutengwa kama mgonjwa wa hospitali?" Feti mbili zilizofuata hakuja. Alisema miguu inamuuma.

Basi nilianza kutafuta gato moja ambayo watu wote wanakula kutoka sahani moja, na yeye akiwemo. Nilijaribu kwanza jikoni kwangu siku za Jumamosi.

Ukipunguza tu sukari na margarini katika ile ya robo nne, unapata kitu kigumu kama sabuni. Kuna sababu. Unga wa ngano ukikutana na maji na ukikorogwa, unafanya nyuzi zinazovutika kama mpira. Katika mkate wa chachu nyuzi hizo tunazitaka. Katika gato hatuzitaki, na kazi ya mafuta na sukari, mbali na ladha, ni kuzizuia zisikaze. Kwa hiyo ukiwafukuza hao walinzi wawili, lazima utafute wengine.

Mlinzi wa kwanza tunaye hapa Maniema kwa wingi: mchele. Unga wa mchele hauna zile nyuzi kabisa. Nikichanganya sehemu moja ya mchele na sehemu tatu za ngano, gato inabaki laini hata mafuta yakiwa kidogo. Tena mchele unalimwa kwetu, wakati unga wa ngano unatoka mbali, na treni ikichelewa au ndege zikipungua, bei yake unaisikia mwenyewe sokoni. Mchele huu uliletwa huku katika karne ya 19 na wafanyabiashara waliotoka pwani, wale wa Nyangwe na Kasongo, walioleta pia lugha hii ninayoiandika. Na huko pwani, Zanzibar kwa mfano, mpaka leo wamama wanapika mkate wa mchele, wenye tui la nazi na iliki, moto chini na moto juu ya kifuniko. Kwa hiyo sikubuni kitu. Lakini tuelewane: unga wa mchele hauteremshi sukari ya damu. Nautia kwa ajili ya ulaini na bei, basi.

Mlinzi wa pili ni ndizi zilizoiva mpaka ganda limekuwa na madoa meusi, zile ambazo watoto wanazikataa. Ukiziponda zinafanya uji unaotunza maji ndani ya gato. Zinaleta utamu pia. Ndiyo, ni sukari nayo, nitarudi hapo.

Matunda yenyewe ndiyo moyo wa gato hii. Zabibu kavu zinapatikana kwa wanaoleta vitu kutoka Goma, ila kwa bei ya kutisha, hivyo natumia nanasi. Nanasi bichi usilitie hivi hivi: maji yake yatafanya katikati ya gato ibaki mbichi. Nalikata vipande vidogo kama punje ya mahindi, naliweka kwenye kikaango kikavu juu ya makala machache, nageuza mara kwa mara mpaka maji yote yaishe na vipande vianze kunata na kuwa na rangi ya asali. Inachukua nusu saa, na nyumba nzima inanukia. Kisha navimwagia chai nzito ya moto, bila sukari, na kuviacha usiku mmoja. Hilo la chai nililisoma juu ya watu wa Wales, huko Uingereza: wana mkate wa matunda unaoitwa bara brith, maana yake mkate wa madoadoa. Matunda yanalala ndani ya chai, na wengi wao wanaupika bila siagi wala mafuta. Sisi tuna chai ya Kivu, hatukosi kitu.

Viungo ndivyo vinavyodanganya ulimi. Mdalasini na iliki havina sukari, lakini ulimi umezoea kuvikuta ndani ya vitu vitamu, kwa hiyo ukivionja unahisi utamu ambao mwingine haupo. Tangawizi inaleta ukali kidogo. Hapo mama yangu alinisahihisha. Mimi nilikuwa natia tangawizi ya unga. Yeye akasema twanga mbichi pamoja na karafuu mbili na ganda la limau lililokwanguliwa, kama alivyofanya kwenye maandazi yake ya sikukuu. Alikuwa na haki. Ya unga inanukia sanduku.

Sasa vipimo, kwa kikombe cha chai cha kawaida. Unga wa ngano kikombe kimoja na nusu, unga wa mchele nusu kikombe. Mchele wenyewe unauloweka, unaukausha kwenye kitambaa, unautwanga na kuuchekecha mara mbili, maana punje ikibaki utaisikia kwenye meno. Chumvi kidogo sana, na vijiko viwili vya chai vya ile poda ya kuumulia tunayoita levire ya gato. Mdalasini kijiko kimoja cha chai, iliki nusu. Mayai matatu. Sukari vijiko vitatu vya chakula tu, na mafuta ya karanga au ya soya vijiko vitatu vya chakula. Mawese hapana, jamani. Nayapenda kwenye sombe, hapa yatatawala kila kitu. Ndizi mbivu tatu ndogo, kikombe kimoja cha nanasi lililolala kwenye chai, na konzi ya karanga zilizokaangwa na kupondwa kidogo.

Piga mayai na sukari kwa nguvu mpaka yawe meupe na povu lisimame. Kwangu ni dakika kumi kwa uma, mtoto mmoja akichoka mwingine anapokea. Wepesi wote wa gato unatoka hapo, kwa sababu hakuna siagi iliyopigwa ya kubeba hewa. Tia mafuta, ndizi, tangawizi na wenzake. Kisha mwaga unga wote mara moja na ukoroge kidogo tu, mpaka usiuone tena mkavu. Ukiendelea kukoroga unaziamsha zile nyuzi. Mwishoni nanasi lililokamuliwa, na karanga.

Mwenye furu anajua la kufanya. Sisi wengine tunayo sufuria kubwa: mchanga mkavu chini, unene wa vidole viwili, mawe matatu madogo, na kopo la gato juu ya mawe. Washa sufuria tupu dakika kumi kwanza ili joto liwe tayari. Makala machache chini, mengi juu ya kifuniko. Wengi wanafanya kinyume na gato inaungua kitako huku uso ukiwa mweupe. Usifunue kabla ya dakika 35, hata harufu ikikuita. Kwenye dakika 50 choma kijiti katikati. Kikitoka kikavu, iko tayari. Iache ipoe, izungushie jani la ndizi lililopitishwa motoni, na uile kesho yake, kwa sababu viungo vinahitaji usiku mmoja kupatana. Kwa joto letu usiitunze zaidi ya siku mbili.

Vijiko vitatu vya chakula vya sukari ni karibu gramu 40. Kwa vipande 12, ni gramu tatu na kidogo kila kimoja, chini ya kijiko kimoja cha chai. Mafuta nayo, badala ya gramu 250 za margarini, hayafiki 45.

Lakini niliahidi kurudi kwenye ndizi. Utamu wa ndizi na wa nanasi unaingia kwenye damu, na unga wenyewe tumbo linaugeuza kuwa sukari. Nilimuuliza muuguzi anayemfuata mama. Alisema kipande kimoja chembamba kinaruhusiwa, ila kiwe badala ya sehemu ya wali au ya fufu ya mlo huo, kisiwe juu yake; na dawa zisiachwe kwa sababu mtu amekula "gato nyepesi". Mwenye mgonjwa nyumbani amuulize muuguzi wake mwenyewe, kwa kuwa miili haifanani.

Mara ya kwanza kuileta mbele ya watu ilikuwa siku ya walimu, Aprili 30. Niliikata mbele ya wote na sikusema ni ya nani. Shemeji mmoja alisema ni gato ya watu wanaobana pesa, kisha akachukua kipande cha pili. Mama alikula chake polepole, akafuta vidole, akaniita.

"Mwalimu, imekosa mafuta."

"Ndiyo, mama. Ni makusudi."

"Najua. Nasema tu imekosa." Kisha akaongeza, "Mara nyingine jaribu boga badala ya ndizi."

Alibaki mpaka nyimbo zikaisha, na alicheza mbili. Boga nimelijaribu mara moja: rangi ni nzuri sana, utamu ni mdogo kuliko wa ndizi, ila lazima ulipike kwa mvuke na kulikamua kwenye kitambaa, vinginevyo linaleta maji. Kopo langu mama amelichukua, anasema atalirudisha. Anayemjua fundi wa bati wa bei nzuri, aniambie kwenye mkutano.