Anwani Iliyonirudishia Mdogo Wangu

Mimi ni fundi wa mitandao ya kompyuta hapa Dar es Salaam. Natandaza kebo maofisini na mashuleni, nafunga ruta na swichi, na jioni nasimamia chumba cha kompyuta cha vijana mtaani kwetu Sinza. Wanaonifahamu sasa hudhani nilianzia chuoni, lakini cheti nilikipata baadaye sana. Kilichonifungua macho ni anwani ya seva ya gemu. Nimeamua kutoa ushuhuda huu kwa sababu usiku wa leo kuna nyumba nyingi ambamo kijana anahangaika kuitafuta anwani ya namna hiyo, na mzazi wake chumba cha pili anaamini mtoto anapoteza muda.

Nilipomaliza kidato cha nne nilipata kibarua kwenye intaneti kafe. Mashine za mbele zilikuwa za watu wa barua pepe na wa kuchapa barua za maombi ya kazi. Za nyuma zilikuwa za Counter-Strike 1.6, gemu la kulengana risasi, na huko ndiko zilikotoka fedha. Vijana walilipia kwa saa, wakajaa mpaka wengine wakasimama nyuma ya viti wakisubiri zamu. Kazi yangu ilikuwa kupokea hela na kuandika muda daftarini. Fundi aliyeufunga mfumo ule alikuwa ameshaondoka zamani, ameacha karatasi imebandikwa ukutani: 192.168.1.14. Kila aliyekaa aliiandika namba hiyo, akaingia vitani. Hakuna aliyejiuliza ilitoka wapi, nami sikuwa na sababu ya kujiuliza.

Kisha mwenye kafe akanunua ruta mpya. Asubuhi ile ile namba ya ukutani ikakataa. Vijana walikuwa wameshalipa, wakaanza kudai hela zao, na simu ya fundi ikawa haipatikani. Mwanafunzi mmoja wa chuo aliyekuwa anasubiri zamu akaniambia, "Dada, nenda kwenye mashine inayoendesha seva, fungua lile dirisha jeusi, andika ipconfig."

Nikaandika. Mistari ikashuka, mingi kuliko nilivyotarajia, na katikati yake palikuwa na mmoja uliobeba namba nne zilizotengwa kwa nukta: 192.168.0.103. Ruta mpya ilikuwa imegawa namba upya kwa mashine zote, na karatasi ya ukutani haikuwa na habari. Nikahamia mashine ya jirani, nikafungua konsoli ya gemu kwa kile kitufe kilicho chini ya Esc, nikaandika taratibu: connect 192.168.0.103:27015. Skrini ikawa nyeusi kidogo, halafu ramani ikafunguka. Nyuma yangu chumba kizima kikapiga kelele.

Usiku huo sikulala vizuri. Nilikuwa nimekaa miezi mingi ndani ya chumba kilichojaa mashine nikiamini kwamba zinaungana kwa maarifa ya mtu mwingine. Kumbe mashine yenyewe inajua anwani yake, na ukiiuliza inakujibu. Kuanzia hapo daftari langu la muda likawa na kurasa za nyuma za maswali, na yule mwanafunzi akawa mwalimu wangu wa kwanza. Kila alipokuja kucheza nilimpa nusu saa ya bure, na kwa nusu saa hiyo alinijibu maswali matatu manne.

Alinieleza kwamba namba zinazoanza na 192.168, na zile zinazoanza na 10, zimetengwa kwa matumizi ya ndani. Zinafanya kazi ndani ya jengo lako tu, na ndiyo maana kafe mbili zilizotazamana barabarani zinaweza kutumia namba ile ile bila kugongana. Ukimtumia rafiki yako aliye Mbeya anwani ya 192.168, hafiki popote. Akanieleza pia zile tarakimu za baada ya nukta mbili, yaani poti. Chukua nyumba ya kupanga yenye vyumba vingi: anwani inakufikisha uani, poti inakuambia ubishe hodi mlango upi. Counter-Strike husikiliza kwenye 27015, Minecraft ya kompyuta kwenye 25565, na Minecraft ya simu kwenye 19132. Watu wengi wanaosema "seva haipo" wana anwani sahihi kabisa. Kilichowaponza ni poti.

Sasa niwaambie habari ya mdogo wangu.

Shangazi yetu anaishi Maskati, Oman, na mdogo wangu wa mwisho alikwenda kuishi kwake akiwa bado mtoto wa shule ya msingi. Miaka ya kwanza simu zilitosha. Baadaye akabalehe, na mazungumzo yetu yakakauka. Shikamoo dada. Marahaba, hujambo? Sijambo. Shule je? Nzuri. Halafu kimya, halafu "ngoja nikupe shangazi." Mama alikuwa anaumia kwa hilo zaidi yangu. Alikuwa akisema mtoto amekwisha kuwa wa kule.

Siku moja shangazi akalalamika kwamba mtoto hatoki kwenye Minecraft, lile gemu la kujenga. Nikamwomba ampe simu. Nikamuuliza, "Unachezea seva gani?" Akanyamaza, kisha akasema, "Dada, wewe unajua seva?" Tuliongea saa nzima. Sikumbuki mara ya mwisho kabla ya hapo tulipoongea hata dakika kumi.

Tukakubaliana nifungue seva yangu nyumbani Sinza, yeye aingie akiwa Maskati. Programu ya seva ya Minecraft mtu huipakua bure. Ukiiwasha mara ya kwanza inazima yenyewe mpaka ufungue faili la masharti na kuandika kwamba umeyakubali. Nikafanya. Nikaingia mimi mwenyewe, dunia ikafunguka. Nikaangalia anwani yangu ya nje, ile inayoonekana na dunia nzima, nikamtumia. Akajaribu, ikakataa. Nikafungua poti kwenye ruta, ikakataa. Nikalegeza fayawoli, yaani kizuizi cha ulinzi cha kompyuta, ikakataa vilevile.

Jibu lilikuwa ndani ya ukurasa wa ruta. Pale inapoonyesha anwani iliyopewa na kampuni ya intaneti, yangu ilianza na 100.72. Anwani zote kuanzia 100.64 hadi 100.127 zilitengwa mwaka 2012 kwa ajili ya kampuni za intaneti kuwakusanya wateja wengi nyuma ya anwani moja ya nje. Sababu ni uhaba. Anwani za mfumo wa zamani wa namba nne hazizidi bilioni 4.3 kwa dunia nzima, na mafungu ya mwisho ya akiba kuu yaligawiwa kwa mabara Februari 2011. Basi anwani niliyomtumia mdogo wangu ilikuwa yangu na ya majirani nisiowajua. Alipobisha hodi, mitambo ya kampuni haikuwa na namna ya kujua anamtaka nani, ikamfungia mlango. Natamani kila kijana aliyeshinda usiku kucha akilaumu kompyuta yake angeambiwa jambo hili. Linganisha anwani iliyo kwenye ukurasa wa ruta na ile unayoonyeshwa ukiuliza mtandaoni "anwani yangu ni ipi". Zikitofautiana, hata ufungue poti zote huwezi kupokea mgeni kutoka nje.

Nikakodi seva ndogo kwenye kituo cha kompyuta cha nje. Malipo ya mwezi yalikuwa madogo kuliko vocha tulizokuwa tunamaliza kupiga Oman. Lakini wapi? Kutoka Dar es Salaam mpaka Maskati ni karibu kilomita 4,000 kwa njia ya ndege, na mwanga ndani ya kebo ya nyuzi za kioo husafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde. Hesabu yake ni nyepesi: kila kilomita 1,000 inakula milisekunde 10 kwenda na kurudi. Nilidhani tutapata milisekunde 40. Tulipopima kwa amri ya tracert, inayoonyesha njia ambayo data inapita, mimi huku na yeye kule, tukaona data zetu sote wawili zinapitia Ulaya kwanza. Ramani ya shuleni inaonyesha bahari moja kati yetu, kebo zinaonyesha njia nyingine. Kwa hiyo tukachagua seva ya Ulaya, tukakutania huko. Pingi yangu, yaani muda wa kwenda na kurudi, ilikuwa inazidi milisekunde 150. Kwa gemu la kulengana risasi hiyo ni adhabu, ila kwa kujenga nyumba inatosha sana.

Tulijenga nyumba ya bibi yetu ya Pangani. Yeye aliikumbuka kwa vipande: baraza, mlango mkubwa, kisima. Mimi nikamrekebisha mahali pa jiko, akanibishia, tukampigia mama kumuuliza, mama akaamua. Wakati mikono inaweka matofali, mdomo ulifunguka. Ndipo nilipojua kwamba darasani alikuwa akichekwa kwa Kiarabu chake, kwamba alikuwa anaogopa kusahau sura ya baba, kwamba alitaka kurudi likizo lakini aliona aibu kuomba nauli. Mambo hayo hayakuwahi kupita kwenye simu. Alikuja Desemba hiyo. Mama anapoulizwa na majirani anasema tu, "Dada yake alimpata kwenye kompyuta."

Kwenye seva ile niliwasha orodha ya wanaoruhusiwa, majina mawili tu kwa kuanzia, kisha binamu zetu. Mzazi anayesoma hapa alishike hili. Anwani ya seva ikishatoka nje, hutafutwa na watu na programu za kupekua usiku na mchana. Orodha hiyo ndiyo inayowazuia wasiingie. Ukiingia seva ya watu usiowajua na wakakutaka ujisajili, usiweke neno la siri unalotumia kwenye barua pepe. Anwani ichukue kwa mwenye seva mwenyewe. Na usikubali kupakua faili la ajabu eti ndipo upewe anwani, kwa sababu anwani ni maandishi tu, inaingia kwenye ujumbe mfupi.

Jambo la mwisho lililonibadilisha lilitokea Mei 2024. Jumapili ya tarehe 12, kebo za EASSy na Seacom zilikatika baharini upande wa Afrika Kusini, na intaneti ya Afrika Mashariki ikadorora. Tanzania iliumia sana. Malipo yalikwama, ofisi zikakaa. Siku zile chumba chetu cha vijana Sinza kilijaa kuliko siku yoyote.

Nilikuwa nimeweka kwenye kompyuta moja ya zamani gemu la Minetest, ambalo tangu Oktoba 2024 linaitwa Luanti. Ni programu huria, iliyoanzishwa na Perttu Ahola wa Finland mwaka 2010. Ni ya bure, inaendeshwa na mashine iliyochoka, simu ya Android inaingia kupitia wai-fai ya chumba, na kwa mchezo wa ndani haihitaji akaunti ya kampuni yoyote. Seva ilikuwa pale pale mezani, anwani yake ya 192.168, poti 30000. Nje dunia imekatika, ndani watoto wanajenga soko, wanagombea mashamba, wanaitana kwa majina. Pingi zao zilikuwa hazifiki 10. Binti mmoja wa kidato cha pili aliniuliza kwa nini hii inafanya kazi wakati WhatsApp ya mama yake imekwama. Nikamwonyesha kebo kutoka mashine yake mpaka kwenye swichi, na kutoka kwenye swichi mpaka kwenye seva. Akaifuata kwa kidole mpaka mwisho. Kisha akauliza kama matokeo ya mitihani, vitabu na masomo ya video navyo vinaweza kukaa kwenye mashine ya chumba hiki. Vinaweza. Sasa vipo, na yeye ndiye aliyeviweka.

Naamini kwa moyo wote kwamba nchi hii ina mafundi wengi waliojificha ndani ya watoto wanaoitwa wavivu wa gemu. Mtoto anayetafuta anwani ya seva anajifunza bila kutumwa mambo ambayo mimi nilikuja kuyalipia ada: anwani ya ndani na ya nje, poti, fayawoli, kwa nini toleo la gemu lake lazima lilingane na la seva, kwa nini jina hugeuzwa kuwa namba kabla kompyuta haijafika popote. Anachokosa ni mtu mzima wa kukaa kando yake na kumwambia jina la kitu anachokigusa.

Mwalimu wa kompyuta, nakuomba wewe. Ijumaa baada ya vipindi, chukua mashine moja ya maabara, iwekee Luanti, iwashe kama seva, andika anwani na poti ubaoni, waache wanafunzi waingie. Ijumaa inayofuata usiandike kitu ubaoni. Waambie waitafute.