Jeli ya Matabaka

Msomaji, vyakula vya karamu ni vya namna mbili. Kuna chakula kinachoshibisha, na kuna chakula kinachofurahisha. Wali na nyama, ugali na kitoweo, chapati na maharagwe ni vya namna ya kwanza; mgeni huvitazamia, na visipokuwapo hunung'unika moyoni. Namna ya pili haidaiwi na mtu. Huja mwisho, mikono imekwisha kunawiwa na mazungumzo yamepamba moto, na kazi yake ni kuwaambia wageni kwamba mwenyeji hakuyawaza matumbo yao tu, bali aliyawaza na macho yao pia. Katika namna hii ya pili naiweka jeli ya matabaka ya matunda, ambayo nimeiandaa kwa miaka mingi katika arusi, sikukuu na maagano ya jamaa na jirani mjini Mombasa. Nataka kukueleza jinsi inavyofanywa, kwa sababu katika kuifanya nilijifunza jambo moja juu ya ukarimu ambalo sikulipata kitabuni.

Jeli hii ni maji ya matunda yaliyogandishwa katika kalibu, tabaka juu ya tabaka, kila tabaka na rangi yake, na vipande vya matunda vimetulia ndani yake kama samaki katika maji maangavu. Ikipinduliwa juu ya sinia husimama, hutikisika bila ya kuanguka, na watoto huiacha michezo yao wakaja kuitazama.

Huenda ukadhani kuwa kitu hiki ni kigeni kabisa. Sivyo. Kama umepata kuona supu ya miguu ya ng'ombe iliyolala usiku mzima mahali penye baridi, umekwisha iona jeli. Asubuhi supu ile haimwagiki. Imeshikamana, na kijiko huikata vipande vipande. Sababu yake ni kwamba ngozi, mifupa na kano za mnyama zina protini iitwayo kolajeni. Ikichemshwa kwa muda mrefu, kolajeni hulegea ikawa jelatini, na jelatini ikipoa huyakamata maji yaliyoizunguka ikayazuia yasitiririke. Wapishi wa majumba makubwa ya Ulaya waliijua siri hii tangu zamani. Lakini kuchemsha miguu ya wanyama, kuchuja, na kuondoa mafuta kulikuwa kazi ya siku nzima. Kwa hiyo jeli ilikuwa chakula cha watu wenye watumishi wengi.

Marekani ndiko jeli ilikoshuka kutoka meza ya tajiri ikaingia katika nyumba ya kila mtu. Mwaka 1845 Peter Cooper, mwenye viwanda wa New York, alipata hataza ya jelatini ya unga, lakini haikupata soko kubwa. Mwaka 1897, katika mji mdogo wa LeRoy, jimbo la New York, Pearle Wait alichanganya jelatini na sukari na ladha za matunda, na mkewe, May, akauita mchanganyiko huo Jell-O. Wait hakuwa na uwezo wa kuutangaza. Mwaka 1899 aliuza haki yake kwa dola 450 kwa Orator Woodward, mkaaji mwenziwe wa mji ule, na huyu ndiye aliyekuja kutajirika. Majokofu yalipoenea majumbani katika karne ya 20, jeli ya matunda ikawa desturi ya mikutano ya jamaa na ya vyakula vya pamoja makanisani. Kila mama alikuja na kalibu yake, na Wamarekani wengi waliiita saladi hata ilipokuwa tamu kama halua. Katika jimbo la Utah ilipendwa hata mwaka 2001 Jell-O ikatambuliwa kuwa kitafunio rasmi cha jimbo.

Sasa nakuomba uzingatie jambo ambalo rangi nzuri za jeli hulificha. Jelatini nyingi iuzwayo duniani hutokana na ngozi na mifupa ya nguruwe na ng'ombe. Haina rangi ya kuitambulisha, wala harufu ya kuisaliti. Hapana mgeni awezaye kuitazama kalibu inayong'aa akajua ni mnyama gani aliyemo ndani yake. Na katika karamu zetu wageni si wa aina moja. Mwislamu haruhusiwi nguruwe, na ng'ombe humtaka awe amechinjwa kwa sheria. Msabato naye hali nguruwe. Baniani wengi hawali ng'ombe, na wengine hawali nyama yoyote tangu kuzaliwa kwao. Watu hawa wote huketi katika ukumbi mmoja, nao huona haya kumwuliza mwenyeji ametia nini chakulani. Basi hufanya nini? Husema neno la adabu kuliko yote katika lugha yetu: "Nimeshiba."

Nililifahamu neno hili kwa bibi mmoja, jirani yetu, alasiri tuliyokusanyika kumuaga mwalimu aliyekuwa akihamia bara. Sinia lilipomfikia alilisogeza mbele kwa upole akasema, "Nimeshiba, mwanangu." Nilikuwa nimeona kwamba alikula kidogo. Nilikaa karibu naye nikamwambia, "Bibi, hii haina mnyama. Imegandishwa kwa mwani."

Alinitazama. "Mwani wa baharini?"

"Wa baharini, bibi, ingawa si wa pwani yetu."

Alicheka mpaka akafuta machozi. "Mwani nimeukanyaga tangu utoto wangu," alisema, "leo nitaula." Akachukua kipande, akala, akaongeza cha pili. Kisha akaniambia kwa sauti ya chini kuwa katika karamu nyingi hushiba kabla ya sinia la mwisho, maana kuuliza ni kumtia mwenyeji aibu mbele ya watu. Tangu siku ile sikulisikia tena neno "nimeshiba" kama nilivyokuwa nikilisikia. Yamkini ni shibe. Lakini yamkini pia ni swali lililokosa mlango wa kutokea.

Mwani nilioutumia huitwa aga-aga. Hutokana na mwani mwekundu, na hupatikana madukani ukiwa unga mweupe au nyuzi kavu nyepesi. Katika baadhi ya nyumba za Mombasa hutumika kugandishia faluda. Si protini kama jelatini, bali ni wa jamaa ya wanga na sukari, wala hauna mnyama ndani yake. Tena una faida nyingine katika nchi za joto. Jelatini huyeyuka kwa joto lililo karibu na la mwili wa mtu. Hiyo ndiyo sababu huyeyuka kwa raha kinywani, na hiyo ndiyo sababu huanza kutokwa jasho sinianimwe mchana wa Februari, joto la Mombasa lipitapo nyuzi 30. Aga-aga huganda kati ya nyuzi 32 na 40, na ikisha kuganda haiyeyuki tena mpaka ifikie nyuzi 85 hivi. Ila yake ni kwamba haiyeyuki kinywani. Hukatika kwa meno, na ikizidishwa huwa ngumu na isiyopendeza. Kila kitu kina kiasi chake.

Kiasi chenyewe ni hiki. Kwa kila kikombe kimoja cha robo lita, tia kijiko kimoja cha chai cha unga wa aga-aga. Tufanye matabaka matatu, kila moja la vikombe viwili, katika kalibu au bakuli la lita moja na nusu. Kwa kila tabaka, koroga vijiko viwili vya unga katika kikombe kimoja cha maji baridi, tia sukari upendavyo, kisha chemsha huku ukikoroga kwa dakika mbili au tatu mpaka chembe zote zipotee. Ndipo utie kikombe kimoja cha maji ya tunda. Yasiwe yametoka katika jokofu, maana baridi ya ghafula huifanya aga-aga igande madonge. Wala usiyachemshe maji ya matunda makali pamoja na unga, kwa sababu ukali huo hupunguza nguvu za kuganda. Tabaka la kwanza na liwe la karakara. La pili liwe la tui la nazi. La tatu liwe la tikiti maji. Vipande vya embe na zabibu vitie katika tabaka linapoanza kuwa zito. Ukivitia mapema vingine vitazama na vingine vitaelea.

Kumbuka kwamba kalibu itapinduliwa. Utakachokitangulia chini ndicho kitakachokuwa juu, na ndicho kitakachoonwa kwanza. Kwa hiyo tabaka la kwanza, ambalo mpishi mwenye haraka hulidharau kwa kuwa litafunikwa, ndilo linalotaka uangalifu kuliko mengine.

Baada ya hapo huja mtihani wa kungoja. Tabaka la chini likiwa bado maji, rangi zitachanganyika. Likiwa limeganda kabisa na kukauka usoni, halitalishika tabaka lijalo, na wakati wa kupindua kila moja litateleza kwa njia yake mbele ya wageni. Wakati wake ni katikati: uso umeshikamana, lakini ukiugusa kwa ncha ya kidole hunata. Hapo mimina tabaka linalofuata, lingali moto kidogo, polepole juu ya mgongo wa kijiko ili lisitoboe lililo chini yake. Huwezi kuuharakisha wakati huu kwa nguvu, wala huwezi kuuahirisha kwa uvivu. Sina njia nyingine ya kukufundisha ila kukuambia usimame karibu na kalibu yako.

Kama utatumia jelatini, kwa kuwa wageni wako wote wanairidhia na umehakikisha asili yake, jihadhari na matunda mawili: nanasi bichi na papai bichi. Mchoma mishkaki hupaka nyama yake papai bichi ili ilainike, kwa sababu papai lina kimeng'enya kinachozikata protini. Nanasi nalo lina chake. Basi kimeng'enya kile kile kinacholainisha nyama hukata jelatini, maana jelatini ni protini, na jeli yako itabaki maji hata ukiiweka katika jokofu siku tatu. Moto hukiua kimeng'enya hicho. Kwa hiyo nanasi lililochemshwa au la mkebe halina madhara. Aga-aga haidhuriwi nacho, kwa sababu si protini. Ona jinsi ujuzi wa mchoma nyama wa barabarani unavyoweza kuiokoa karamu ya arusi.

Msomaji kijana, siku moja utaandaa karamu, hata kama ni chai ya kuwaaga wenzako shuleni. Wahenga walisema, "Mgeni njoo, mwenyeji apone." Mwenyeji hataweza kupona ikiwa mgeni ameketi na hofu sahani ikiwa mikononi mwake. Kabla ya kuuliza watakula nini, uliza ni nani watakaokuja. Soma karatasi iliyobandikwa juu ya pakiti, umuulize mwenye duka, na usipopata jibu la hakika, tumia kitu kingine. Kisha usimngoje mgeni akuulize. Mwambie mapema, kwa sauti ya kawaida, kilichomo katika chakula chako, ili asilazimike kuchagua kati ya imani yake na adabu yake. Chakula kisichoelezwa kinaweza kuwa kizuri machoni na kikawa kizito moyoni. Rangi tatu zitawavuta watu waje karibu, na ladha itawafurahisha kwa kitambo. Lakini kuaminiwa na watu wa dini na desturi mbalimbali, wakanyosha mikono bila ya kusita, hakununuliwi dukani. Sinia linaporudi jikoni tupu, hiyo ni sifa ya mpishi. Sinia lisipompita mgeni hata mmoja, hiyo ni sifa ya mwenyeji.