Usiibane Sakafu ya Watu

Arua, Machi

Mpwa wangu mpendwa,

Mama yako amenieleza kwa furaha kwamba umepata kazi Koboko: nyumba mpya, milango ya kusukuma ya makabati ya ukutani, na sakafu ya laminati vyumba vyote. Alhamdulillahi. Mkono wako katika mbao ninauamini. Sakafu yenyewe ndiyo iliyonifanya nichukue kalamu, maana umezoea saruji na vigae, na hii ina tabia yake.

Laminati ilibuniwa na kampuni ya Perstorp ya Uswidi mwaka 1977. Kiini chake ni nyuzi za mbao zilizoshindiliwa kwa gundi. Juu yake pana karatasi yenye picha ya mbao, na juu ya picha utando mgumu wa kinga. Vibao hushikana vyenyewe kwa vyenyewe pembeni. Havipigiliwi misumari, havigandishwi kwenye saruji. Sakafu nzima imelala tu juu ya povu jembamba. Kiini kile hunywa unyevu wa hewa. Huku kwetu West Nile, kiangazi cha Desemba hadi Machi hukikausha kikanywea, kisha mvua za Agosti hadi Oktoba hukitanua. Ndiyo maana huachwa upenyo wa milimita 8 hadi 12 kuzunguka kuta zote, ukafichwa kwa mbao za ukingoni.

Sasa fikiri: unaweka reli ya kabati juu ya laminati, unatoboa mpaka kwenye saruji, unakaza skrubu. Upande huo umeshaubana. Leo, Machi, milango itateleza vizuri na mwenye nyumba atakusifu. Septemba sakafu itatafuta pa kutanukia, ikose, ivimbe katikati ya chumba na viungo vyake viachane. Atalaumiwa aliyetandika sakafu, naye hana kosa. Hilo ndilo linaloniuma zaidi, kumwachia fundi mwenzako lawama ya mkono wako.

Kwa hiyo, kabla hujashusha vifaa, uliza kama sakafu imeshatandikwa. Kama bado, omba makabati yatangulie. Usione haya kumwambia tajiri kwamba ratiba yake ibadilike. Mwambie sababu kwa upole, mbele ya fundi wa sakafu, mkubaliane. Kabati zito lililojengwa ukutani lisikae juu ya laminati hata siku moja, maana uzito wake nao huibana kama skrubu.

Chini ya reli weka ubao wa mvule au mkangazi uliokauka sawasawa, uufunge moja kwa moja kwenye saruji kwa plagi na skrubu. Unene wake uufuate unene wa sakafu: kibao cha milimita 8 na povu la 2 au 3 hufanya 10 au 11. Reli ikae juu ya ubao huo. Laminati iishie milimita 10 kabla ya kuufikia, na ule upenyo ufunikwe kwa ukanda mwembamba uliofungwa kwenye ubao peke yake. Ukanda ukiushika ubao na laminati pamoja, umerudi kulekule.

Kama sakafu imeshatandikwa, utalazimika kuikata mahali pa reli. Kwanza muulize mwenye nyumba, akubali. Chora mstari, weka msumeno wa umeme kina cha kibao tu, malizia pembeni kwa patasi kali, kisha fanya kama nilivyosema. Milango myepesi yaweza kuning'inizwa juu, na kile kielekezi kidogo cha chini ukakifunga kwenye ubavu wa kabati badala ya sakafuni. Ila milango ya mbao nzima usiitundike kabla hujahakikisha boriti ya juu inaubeba uzito wake.

Urefu wa mlango usiupime kutoka kwenye saruji. Chukua kipande cha laminati na kipande cha povu, vilaze pale chini, ndipo upime: kushoto, katikati na kulia, maana saruji za nyumba zetu mara nyingi zina mwinamo. Kipimo kifupi ndicho cha kufuata. Zile skrubu za magurudumu zinazopandisha na kushusha mlango ziache katikati, ili mvua zikija uwe na nafasi ya kurekebisha pande zote mbili. Na fremu ya mlango wa chumba, ikiwa imefika chini, ikate kwa msumeno uliolala juu ya vipande vilevile. Sakafu itapita chini yake bila kuchongwachongwa.

Mbao zinazotoka Kongo ziangalie kwa makini. Nyingi hufika mbichi, hata muuzaji akiapa. Zipange kivulini kwa vijiti katikati, hewa ipite, na kama hazijakauka mwambie mwenye nyumba asubiri. Akikuharakisha, bora umrudishie malipo ya awali kuliko kumfungia mlango utakaopinda.

Siku ya kukabidhi, keti na mama wa nyumba na yule binti anayedeki. Waambie ndoo ya maji isimwagwe sakafuni. Kitambaa kilichokamuliwa kinatosha. Hilo lao walijue kutoka kwako, kwa heshima, kabla mvua hazijaanza.

Nipigie ukishapima, kabla ya kutoboa. Msalimie bibi yako hapo Koboko, umwambie nitakuja baada ya Idi.

Mjomba wako