Jinja, Gomesi na Mtumba: Somo la Nguo Mpakani

Katika mambo yanayomtaabisha mwalimu wa Kiswahili nchini Uganda, hakuna linalozidi hili la kuwasadikisha wanafunzi wake kwamba lugha anayowafundisha si mgeni nyumbani mwao. Wazee wengi waliisikia midomoni mwa askari, na katika miaka ya 1970 walipata sababu ya kuiogopa. Watoto wao wakairithi hofu bila kuirithi lugha. Sisi tuliozaliwa upande wa Kenya wa Busia, katika nchi ya Wasamia, na ambao riziki yetu ilituvusha mpaka hadi Tororo, tumeyaonja hayo kwa miaka mingi. Ndipo siku moja, tulipochoka kuhubiri, tukakifunga kitabu, tukawaambia wanafunzi: "Kesho kila mmoja aje na nguo moja kutoka kwao, mpya au kuukuu, atuambie jina lake kama linavyotajwa nyumbani."

Kesho yake darasa liligeuka duka. Palikuwa na kaptura ya kaki, kitenge, kikoi, shuka nyeupe, na mashati ya mtumba yasiyo na idadi. Msichana mmoja alileta gomesi ya bibi yake, imekunjwa vizuri ndani ya gazeti. Tuliyaandika majina yote ubaoni, na hapo somo likaanza lenyewe.

Kaki, tuliwaeleza, ni neno lililotoka Bara Hindi, na maana yake ni rangi ya vumbi. Bafta asili yake ni Kiajemi, maana yake kitu kilichofumwa. Merikani nayo, ile nguo nzito nyeupe waliyoijua babu zetu, yatokana na jina la Marekani, kwa kuwa katika karne ya 19 wafanyabiashara wa Salem, katika jimbo la Massachusetts, waliipeleka Unguja kwa majahazi makubwa, na misafara ikaifikisha bara. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Wamarekani, kati ya 1861 na 1865, vilipoikata biashara hiyo, viwanda vya nchi nyingine vikachukua nafasi yao. Lakini jina halikuondoka. Nguo iliyofumwa Bombay iliendelea kuitwa merikani. Waama, aliyetangulia kukivika kitu jina ni vigumu kumvua.

Tulipofika kwenye gomesi, yule msichana alisimama akaikunjua. Wenzake waliyajua mabega yake yaliyochongoka, shingo yake ya mraba, vifungo viwili vya upande wa kushoto, na mshipi mpana unaofungwa chini ya kiuno. Wasichokijua ni kwamba jina hilo ni la fundi. Fundi Gomes alikuwa Mgoa aliyefungua duka lake la ushonaji Kampala mwanzoni mwa karne ya 20, na inasimuliwa kwamba mnamo 1905 aliombwa ashone vazi la heshima kwa wasichana wa shule ya bweni ya Gayaza. Kwa sababu hiyo vazi lenyewe liliitwa pia bodingi. Mabibi wa kifalme wa Buganda walipolipenda, likatoka shuleni likaingia ikulu, na kutoka ikulu likaenea hadi huku kwetu mashariki, ambako leo hakuna harusi wala matanga yasiyoliona. Duka la fundi yule si maarufu tena, lakini jina lake linavaliwa na mamilioni.

"Basi sisi pia tulikuwa na nyumba ya mitindo, Mwalimu," akasema kijana mmoja wa nyuma, aliyekuwa akisikia habari za Paris kutoka katika simu za wakubwa zake. Darasa likacheka, lakini kijana alisema kweli.

Sasa ikabaki ile shuka nyeupe. Mwenye kuileta alisema kwao inaitwa shuka tu. Hapo tukautoa mkobani mfuko mdogo wa kitambaa cheupe kilichokwisha kuwa na rangi ya maziwa, tukauweka mezani. Upande wetu wa Kenya, washonaji wanakiita kitambaa cha namna hiyo jinja. Wanafunzi walitazamana, kwa maana Jinja wanaijua kuwa ni mji.

Ndiyo, ni ule mji. Tarehe 29 Aprili 1954, Malkia Elizabeth wa Pili alilifungua bwawa la umeme la Owen Falls, pale Nile inapotoka ziwani, na kwa nguvu za umeme huo kilikua kiwanda cha Nyanza Textile Industries, tulichokizoea kwa jina la NYTIL. Pamba ilikuwa tayari nchini. Mbegu zake zililetwa na Kristen Borup wa Kampuni ya Uganda mwaka 1903, na kwa ajili ya pamba, zaidi ya zao lolote, reli ilitandikwa kutoka Tororo kupitia Mbale hadi Soroti. Kwa miaka hamsini tulikuwa tukiuza nyuzi na kununua nguo. NYTIL kikaanza kusokota, kufuma na kupaka rangi papa hapa, na nguo yake ikavuka mpaka wa Busia na Malaba kwa wingi hata mji ukawa jina la kitambaa. Kama Massachusetts ilivyotupa merikani, ndivyo Nile ilivyotupa jinja.

Kilichofuata wasomaji wetu wanakijua. Baada ya Waasia kufukuzwa mwaka 1972, vipuri, mafundi na fedha vilipungua. Karibu na 1970 Uganda ilikuwa ikitoa zaidi ya marobota 400,000 ya pamba kwa mwaka, nayo ilipofika mwishoni mwa miaka ya 1980 haikutoa hata sehemu ya kumi ya hayo. Upande wa Kenya, kiwanda cha Rivatex cha Eldoret, kilichoanzishwa katika miaka ya 1970, kilishikwa na madeni kikafungwa karibu na mwaka 2000. Katikati ya anguko hilo milango ilifunguliwa, na mtumba ukaingia. Neno hili nalo ni la kwetu. Mtumba ulikuwa ule mzigo aliofungiwa mpagazi begani mwake katika misafara ya zamani, ule ule uliobeba merikani. Leo linataja robota la nguo zilizovaliwa na watu wengine ng'ambo.

"Na huo mfuko, Mwalimu?" aliuliza msichana mwenye gomesi.

Hatukuwa tumekusudia kuueleza, lakini tulikuwa tumekwisha kuuweka mezani. Mfuko huo ulishonwa kwa mkono na marehemu mama yetu. Alilima pamba tangu alipoolewa. Sisi watoto tuliichuma baada ya shule, vidole vikichomwa na makapi, kisha tukaichambua juu ya mkeka, safi huku, chafu kule. Akaipeleka kwa chama cha ushirika, ikapimwa, akapewa stakabadhi, akaambiwa malipo yatakuja. Msimu wa kwanza yalikuja yamechelewa. Msimu wa pili yalikuja nusu. Baada ya hapo hayakuja tena, naye aliendelea kupanda kwa misimu mingine miwili kwa kuwa mbegu aligawiwa na tumaini hakunyang'anywa. Stakabadhi alizitia katika mfuko wa jinja akaufunga kwa uzi. Alipofariki tulizikuta saba. Mwino ulikuwa umefifia, uzito wa pamba bado ukisomeka.

Darasa likanyamaza. Kisha yule kijana wa nyuma akauliza: "Mwalimu, ikiwa kiwanda kitafufuliwa, nani atapanda?"

Swali hilo tulikuwa tumekwisha kuulizwa nyumbani. Chuo Kikuu cha Moi kilikuwa kimeinunua Rivatex mwaka 2007. Mitambo mipya ikaletwa kwa mkopo kutoka India, na mwezi wa Juni 2019 Rais Uhuru Kenyatta akakizindua kiwanda upya. Sisi tulifurahi mno. Tulikwenda kwa kaka yetu mkubwa anayelishika shamba, tukamwambia wakati umefika wa kurudisha pamba mahali palipochukuliwa na mihogo na miwa. Kaka alitusikiliza hadi mwisho, kwa adabu ambayo mtu humpa mdogo wake aliyesoma. Kisha akaingia ndani, akatoka na mfuko wa mama, akautua mbele yetu. "Mwalimu," akasema, na asipotuita kwa jina letu twajua hapana mzaha, "wewe una mshahara. Anza kulipisha hizi."

Hatukuwa na jibu. Tuliuomba ule mfuko, akatupa, na tangu siku hiyo umekaa mkobani mwetu pamoja na chaki.

Tangu hapo tumejifunza kuzisikiliza habari za ufufuo kwa sikio jingine. Huko Paris, nyumba ya Chanel iliyofunga milango yake ya mavazi mwaka 1939 ilifungua tena Februari 1954, miezi michache kabla ya bwawa letu la Jinja, nayo ikasimama. Lakini mwenye jina alikuwa hai, mafundi wa sindano walikuwepo, wafumaji wa vitambaa walikuwepo. Kilichokuwa kimelala ni duka. Kwetu mambo ni kinyume. NYTIL kiliuzwa kwa wenye mali binafsi katika miaka ya 1990, kikarudi kazini, kikawashonea wanajeshi sare na, wakati wa ugonjwa wa korona mwaka 2020, kikatengeneza barakoa kwa wananchi. Rivatex nayo iliamka, lakini mara baada ya kuamka ililia njaa ya pamba. Mashine inaweza kuagizwa na ikafika kwa meli. Mkulima aliyedhulumiwa haagizwi.

Vivyo hivyo kwa amri. Mwaka 2016 wakuu wa Jumuiya ya Afrika Mashariki walikubaliana kuuondoa mtumba hatua kwa hatua. Marekani ikatishia kuwanyima nafuu ya soko, na ni Rwanda peke yake iliyoshikilia msimamo, nayo mwaka 2018 ikasimamishiwa nafuu ya nguo. Agosti 2023 Rais Museveni alitangaza mjini Mbale kwamba nguo kuukuu zitapigwa marufuku. Tuliokuwa Tororo tulizisikia habari hizo tukiwa tumezivaa. Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako, na hapana shaka walisema kweli. Lakini huwezi kumvua mtu ya kuazima kabla hujamshonea yake.

Ndugu walimu, huenda mnauliza haya yote yanakihusu nini Kiswahili. Julai 2022 Baraza la Mawaziri la Uganda liliamua kwamba lugha hii ifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na za sekondari. Tulishangilia, na tulikuwa na haki ya kushangilia. Lakini tunawajua vijana, waliohitimu na wenye ari, wanaofundisha vipindi vya Kiswahili muhula mzima kwa ahadi, wakirudi nyumbani na karatasi iliyotiwa sahihi na kuambiwa malipo yatakuja. Msimu wa kwanza watavumilia. Wa pili pia. Baada ya hapo watatafuta mihogo yao. Siku tutakapokuja na mitambo mipya ya vitabu na mitaala, watatutolea mfuko.

Kwa hiyo chama chetu kisichoke kudai mshahara wa mwalimu wa Kiswahili kwa bidii ile ile kinayodai nafasi ya Kiswahili. Mbegu bila malipo tuliiona ilikotupeleka.

Mwisho wa kipindi yule msichana aliikunja gomesi ya bibi yake, akairudisha gazetini. Kabla hajatoka alikuja mezani akaushika ule mfuko kwa ncha za vidole, akauliza kama wakulima wengine nao walikuwa na mifuko. Tulimwambia walikuwa nayo, pande zote mbili za mpaka. Siku ya pili alituletea jina jipya la kuandika ubaoni. Alikuwa amemwonyesha bibi yake shuka nyeupe ya kitandani na kumwuliza inaitwaje, na bibi, ambaye mjukuu hajawahi kumsikia akitamka neno la Kiswahili, alijibu bila kufikiri: "Hiyo ni merikani."